Maswali ya Wasomaji: Holašovice ni ya Karne Gani?

SWALI: Ndugu Mhariri, nimeona picha za Holašovice, kijiji cha Ucheki kilichomo kwenye Urithi wa Dunia wa UNESCO. Maelezo yanasema ni cha karne ya 13, lakini nyumba zake zinaonekana za juzijuzi. Zilijengwa kwa ajili ya watalii? Na mdogo wangu anayesoma Prague atafikaje huko? – Msomaji, Morogoro

JIBU: Umeona vizuri. Kuta hizo si za karne ya 13, wala hazikujengwa kwa ajili ya watalii. Nyingi ni za karne ya 19. Cha kale ni mpangilio wa kijiji, na huo ndio wa kuutazama kwanza.

Katikati pana uwanja wa majani wenye urefu wa mita 210 na upana wa mita 70, na ndani yake bwawa dogo na kanisa dogo la Mtakatifu Yohane wa Nepomuk la mwaka 1755. Kaya 23 za wakulima zimeuzunguka. Kila kaya ina uso mwembamba kuelekea uwanjani: kuta mbili zinazopanda hadi kileleni mwa paa, na kati yake lango la kupitisha mkokoteni. Ukiingia unakuta ua, zizi pembeni, ghala la nafaka nyuma, kisha bustani na shamba. Mkulima alitoka ghalani moja kwa moja hadi shambani kwake bila kukanyaga kiwanja cha jirani, ndiyo maana hakuna aliyekuwa na sababu ya kuhamisha mipaka.

Kijiji kinatajwa kwa mara ya kwanza mwaka 1263. Mwaka 1292 Mfalme Václav II alikitoa kwa monasteri ya Wasistersi (shirika la watawa wa Kikatoliki) ya Vyšší Brod, iliyokishika hadi 1848. Tauni ya kati ya 1520 na 1525 ilibakiza watu wawili tu! Monasteri ikaleta walowezi kutoka Bavaria na Austria, nao wakakaa kwenye viwanja vilevile. Tangu hapo Kijerumani kikatawala: mwaka 1895 palikuwa na Wajerumani 157 na Wacheki 19.

Mapambo ya mviringo na rangi unazoziona pichani ndiyo mtindo uitwao baroko ya wakulima; baroko ni mtindo wa kale wa Ulaya wenye nakshi nyingi. Mafundi wa vijijini waliiga nakshi za makanisa na majumba ya mabwana, wakazipaka kwenye nyumba za watu waishio kwa ng'ombe na nafaka. Kwangu huo ndio uzuri wake mkubwa.

Baada ya Vita vya Pili vya Dunia Wajerumani walifukuzwa na nyumba nyingi zikabaki tupu. Kwa kuwa hazikuwa na watu, hakuna aliyezibomoa ili ajenge za kisasa. Ukarabati na makazi mapya vilianza mwaka 1990, na UNESCO ikakiingiza kwenye orodha yake mwaka 1998.

Ukitaka kuuhakiki mpangilio huo mwenyewe, tafuta ramani za kodi ya ardhi za karne ya 19, ambazo ofisi ya upimaji ya Ucheki imeziweka kwenye intaneti. Kipimo chake ni 1:2880, hivyo kila nyumba inaonekana. Andika pia jina la Kijerumani, Holschowitz. Kisha linganisha na picha ya setilaiti, ukianza na uwanja, ndipo ufuate viwanja kimoja kimoja.

Kuhusu safari, mdogo wako apande treni kutoka Prague hadi České Budějovice, kisha basi; kijiji kiko kilomita 15 hivi magharibi ya mji huo, karibu na mlima Kleť wenye mita 1,084. Aangalie ratiba ya basi la kurudi kabla ya kuondoka. Na aandike jina kwa uangalifu: Holasovice, yenye s isiyo na alama juu, ni kijiji kingine karibu na Opava, upande wa pili wa nchi, nacho kina kituo cha treni. Mtambo wa tiketi utamuuzia safari ya huko bila kumuuliza.