Diagramu ya muundo si mchoro

Ndugu, umeuliza kama diagramu katika nadharia ya modeli (tawi la mantiki ya hisabati) ni mchoro wa vishale. Hapana, ni seti ya sentensi. Chukua muundo M, yaani seti pamoja na shughuli zake kama kujumlisha, mpe kila memba wake jina, kisha andika kila sentensi sahili (isiyo na viunganishi wala "kwa kila" au "kuna") iliyo kweli ndani ya M, pamoja na kanusho za zile zisizo kweli. Kwa namba kamili na kujumlisha: 2+3=5, 2+2≠5, na kadhalika bila mwisho.

Usidharau hizo kanusho! Bila 0≠2, 0 na 2 zingeweza kuwa kitu kimoja, na namba kamili zikabanwa ziwe vitu viwili tu: witiri na shufwa. Kanusho zikiwepo, muundo wowote unaotimiza diagramu hiyo una nakala kamili ya M ndani yake. Mwanamantiki Abraham Robinson aliitumia sana njia hii, na kwangu ndiyo nzuri kuliko zote katika somo hili.

Ila namba wiano (zikiwemo sehemu kama 1/2) nazo zinatimiza diagramu ya namba kamili, ilhali huko x+x=1 ina jibu, na kwenye namba kamili haina. Ukitaka kuzuia hilo, tumia diagramu ya elementari: sentensi zote za kweli, zikiwemo zenye "kwa kila" na "kuna".