Ana mitumbwi miwili ila mahakamani anasema hana kitu

SWALI: Shikamoo wakili. Mi nakaa Igombe, Mwanza, mume wangu ana mitumbwi miwili ya dagaa, tangu mwaka jana kahamia kwa mwanamke mwingine huko Kirumba, hela ya kula hatumi. Talaka sitaki. Watu wananiambia bila talaka siwezi kudai chochote, na yeye akisema hana kipato basi kesi imeisha. Ni kweli? Mama wa Watoto Wawili

JIBU: Marahaba mama. Hao watu wamekupoteza. Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya 1971 inamtaka mume amtunze mke wake, malazi, mavazi na chakula, kulingana na uwezo na hadhi yake, na kifungu cha 115 kinasema akikataa kukutunza au akikutelekeza mahakama inaweza kumwamuru alipe hata kama ndoa bado ipo. Anzia mahakama ya mwanzo ya hapo karibu. Ile hati ya Baraza la Usuluhishi la Ndoa, ya kuonyesha kuwa usuluhishi umeshindikana, sheria inaidai kwa anayetaka talaka, na wewe hutaki.

Sasa ishu ya kiasi. Asilimia maalum ya kipato haipo, usidanganywe. Hakimu anaangalia hasa vitu viwili, uwezo wa kila mmoja na mahitaji yenu, halafu anapima na nani kachangia ndoa kuvurugika na mila za jamii yenu zikoje. Kwa hiyo kazi yako wewe ni kuonyesha uwezo wake, na hapo ndo wengi wanaanguka maana wanafika mahakamani na machungu tu bila karatasi hata moja. Mvuvi wa dagaa kipato chake kinaenda na mwezi wa angani, wakati wa giza anapata, mbalamwezi ikiwa kali mitumbwi inapaki, basi yeye atamletea hakimu hesabu za mbalamwezi, nakuhakikishia. Wewe tafuta za giza. Mtu aliyekuwa anampigia hesabu mwaloni, pale samaki wanaposhushwa, mama anayenunua mzigo wake, usajili wa mitumbwi, leseni, na miamala ya simu ya zamani alipokuwa bado anakutumia, hiyo inaonyesha alikuwa anaweza kutoa kiasi gani.

Na mahitaji yako yaandike kwenye daftari, kodi, unga, mkaa, dawa, kila kitu na bei yake. Usitie chumvi jamani, ukiandika magunia manne ya mkaa kwa mwezi kwa nyumba ya watu watatu hakimu naye kwao wanapika. Kama una genge lako la nyanya liseme, likiibuliwa na yeye utaonekana muongo. Matunzo ya watoto yadai pia, hayo ni haki yao wenyewe. Kesi ikichelewa omba amri ya muda ili mpate kula wakati inaendelea.

SWALI: Mahakama iliniamuru nimpe mtalaka wangu 200,000 kila mwezi. Injini yangu ikaibiwa ziwani, sasa nabeba mizigo Mwaloni, nikaacha kutoa. Nitafungwa? Baba J, Kirumba

JIBU: Kaka, tatizo kubwa sio injini, ni kuacha kulipa kimyakimya. Amri ikishatoka inabadilishwa na mahakama tu, sio wewe na wala sio yeye, na huku nyuma malimbikizo yanahesabika kuwa deni. Rudi mahakama ileile wiki hii, omba ipunguzwe kwa sababu hali imebadilika kwa kiasi kikubwa, kifungu cha 121 kinaruhusu. Beba RB ya polisi, yaani namba ya taarifa uliyoripoti ya ule wizi, na mtu wa kuthibitisha unachopata sasa, na lipa hata kidogo huku unasubiri. Ila ukishanunua injini nyingine ujue na yeye anaweza kurudi kuomba iongezwe. Na wale wanaoandikisha mtumbwi kwa jina la shemeji halafu wanaenda kulia kwamba wamefilisika, wajue amri iliyopatikana kwa uongo nayo inarekebishwa kwa kifungu hichohicho.

SWALI: Nikiolewa tena, mume wa zamani ataendelea kunilipa? Na mwanaume naye anaweza kudai matunzo kwa mke?

JIBU: Ukiolewa amri ya matunzo yako inakoma, ya watoto inaendelea. Mwanaume anaweza, kama ugonjwa au kuumia, kwa mwili au akili, kumemfanya ashindwe kujitafutia na mke ana uwezo. Uvivu haumo.