Barua za Wasomaji: Mwamba umefungwa, nasi tule nini?

SWALI: Assalaam alaykum. Mimi ni mkaazi wa kijiji cha pwani, magharibi ya Pemba. Tangu usichana wangu, maji yakipwa tunatoka wanawake kwa miguu kwenda mwambani kuchokoa pweza. Akipatikana mmoja huwa kitoweo, wakipatikana wawili mmoja huuzwa. Sasa kamati ya uvuvi ya shehia imeufunga mwamba kwa miezi mitatu, na tumeambiwa kuwa haya ndiyo maendeleo endelevu. Mwaka jana ulipofunguliwa, vijana wenye miwani ya kuzamia, baadhi yao wageni kabisa kijijini, walitoka na pweza wa kujaza madau, na sisi wa miguu tukarudi na vijipweza viwili vitatu. Wakati huohuo tunasikia kisiwa kilicho mbele yetu kinatafutiwa muekezaji. Nauliza, maendeleo haya ni endelevu kwa nani?
Mama wa pwani, Pemba

JIBU: Wa alaykum salaam, mama yangu. Kuhusu pweza mwenyewe, kamati yenu haikukosea. Pweza wa mwambani huishi mwaka mmoja hadi mmoja na nusu hivi. Jike hutaga mara moja tu, hukaa pangoni kuyalinda mayai yake bila ya kula, na yakishaanguliwa naye hufa. Anapokuwa katika umri wa kukua, uzito wake huweza kukaribia kuongezeka maradufu ndani ya mwezi mmoja, na ndiyo maana miezi mitatu, ambayo kwa samaki kama chewa si kitu, kwake ni muda mkubwa. Utaratibu huu wa kufunga na kufungua ulipata sifa Andavadoaka, nchini Madagaska, kuanzia mwaka 2004, na kwetu Pemba, Kisiwa Panza ni miongoni mwa waliotangulia kuujaribu.

Lakini hesabu ya pweza ni moja na hesabu ya watu ni nyengine, na malalamiko yako yamo katika hii ya pili. Siku ya ufunguzi mwamba huvamiwa na watu kutoka kila upande. Mwenye miwani na dau hufika kwenye maji ya kina, walikojificha pweza wakubwa, ilhali mwanamke mwenye kijiti chake hubakia pale maji yalipopwa, na huko nako mapango yamekwishakanyagwa na kuchokolewa na waliomtangulia. Jioni pweza wote hushuka diko moja kwa wakati mmoja, na mchuuzi mwenye mizani, akiona mzigo ni mwingi, huteremsha bei kama apendavyo. Aliyefunga mkanda miezi mitatu ni mmoja, aliyekula ni mwengine. Mimi siuiti huo ubishi wa wanawake wasioelewa uhifadhi, kama wanavyopenda kusema baadhi ya mabwana wa semina. Huo ni mgogoro wa mazingira khasa, kwa sababu migogoro mingi ya aina hii haiwi baina ya watu na viumbe, bali baina ya watu na watu, juu ya nani anayeamua na nani anayebeba gharama ya uamuzi.

Maneno hayo uliyoambiwa, maendeleo endelevu, yalienea duniani kutokana na ripoti ya mwaka 1987 ya tume ya Umoja wa Mataifa iliyoongozwa na Gro Harlem Brundtland wa Norwei. Wengi hukariri nusu yake tu, ile inayotaka vizazi vijavyo visiharibiwe uwezo wao wa kujitosheleza. Nusu ya kwanza inahusu mahitaji ya watu waliopo leo, na ripoti imetamka wazi kwamba mahitaji ya msingi ya maskini ndiyo ya kutangulizwa. Zanzibar iliyatia maneno hayo katika jina la sheria yake ya mazingira ya mwaka 1996, ambayo baadaye nafasi yake ilichukuliwa na Sheria Namba 3 ya mwaka 2015. Kwa hivyo ukidai kitoweo cha leo hupingani na maendeleo endelevu. Unadai nusu iliyosahauliwa.

Kuhusu kisiwa na muekezaji, historia ya jirani yenu Misali inafaa kusomwa vizuri. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 kulikuwa na mpango wa kukikodisha kisiwa hicho kwa ajili ya utalii, na wavuvi, ambao hupiga dago, yaani kambi ya uvuvi, pale vizazi na vizazi, wakaupinga. Badala yake, mwaka 1998 Misali ikatangazwa kuwa eneo la hifadhi: sehemu ndogo upande wa magharibi ikafungwa kabisa, na maji mengine yote yakabaki wazi kwa uvuvi unaoruhusiwa. Mwaka 2005 ikaingizwa katika hifadhi pana ya Mkondo wa Pemba. Sisemi kuwa kila kitu kimetengemaa tangu hapo. Nasema tu kwamba wavuvi walisikilizwa kabla ya mkataba kuota mizizi, na wakati huo ndio wenu sasa. Mradi wa aina hiyo hupasa kufanyiwa tathmini ya athari za kimazingira na kijamii kabla ya kuanza, na wananchi wanaoguswa hutakiwa kushauriwa. Nendeni kwa sheha, mtake kujua kama tathmini imefanyika, na kama kuna mkutano, wanawake wahudhurie wenyewe badala ya kuwakilishwa na waume zao.

Huko Unguja, wakulima waliopakana na msitu wa Jozani walilalamika miaka mingi kwamba kima punju, wale kima wekundu wa Zanzibar, wanakula mazao yao, na sehemu ya kiingilio cha watalii ikapangwa kurudi vijijini na kwa wakulima wenyewe. Kwenu nako yapo ya kudai kwa kamati. Mkiani mwa mwamba, mahali panapofikika kwa miguu, paachwe wazi wakati wote wa kufungwa. Siku ya kwanza ya ufunguzi, au bora bamvua zima la kwanza, yaani siku zote za maji makubwa, liwe la waendao kwa miguu, na wazamiaji wangoje. Wageni walipe ada, na ada hiyo isomwe hadharani, ilipatikana kiasi gani na imetumika wapi. Na mchuuzi apatane bei nanyi mapema, kabla pweza hawajatoka majini. Kamati ikikataa yote hayo, isishangae kuona taa za watu mwambani usiku.

SWALI: Bahari ni ya Mwenyezi Mungu. Je, anayeingia usiku katika mwamba uliofungwa ameiba?
Kijana, Kusini Unguja

JIBU: Hoja hii ilishazungumzwa sana na wavuvi wa Misali, ambako mafunzo ya uhifadhi yalitolewa kwa kutumia Kurani, yakisisitiza kuwa binadamu amekabidhiwa dunia kama amana na hakupewa aitumie atakavyo. Kwa kuwa bahari si ya mtu, hakuna wa kujitolea ruhusa peke yake. Mkiwa mmekubaliana katika mkutano kuufunga mwamba, anayeingia kinyemela amevunja ahadi na wenzake, na pengine amemtoa pangoni jike anayelinda mayai kwa maelfu. Ni kosa, nalo hupelekwa mbele ya kamati na kwa sheha. Halimalizwi kwa kumpiga mtu pwani wala kumtoboa dau lake.