Biskuti za mbwa za kuoka nyumbani: maswali yenu na majibu

Wapendwa wasomaji, toleo lililopita niligusia mistari miwili tu kuhusu kumwokea mbwa biskuti kwa vitu vya sokoni, basi meseji zikamiminika kutoka Mwanga, Gungu, Ujiji na Kasulu hapa kwetu Kigoma mpaka kwa jirani zetu wa Tabora. Yaliyofanana nimeyaunganisha.

Shikamoo mama. Nina mbwa wawili hapa Mwanga, Simba na Popi. Zile biskuti za pakiti bei imesimama na mpaka uagize mtu akuletee kutoka Dar au Mwanza. Nataka kuoka za kwangu ila sina oveni, nina jiko la mkaa na sufuria tu. Nielekeze. (Dada wa Mwanga)

Marahaba mwanangu. Oveni wala usiitafute, kama umeshawahi kuoka keki kwa mkaa basi hii ni rahisi zaidi maana haina hamira, haina sukari, haina kusubiri kitu kiumuke.

Chukua kipande cha boga, kichemshe bila chumvi mpaka kilainike, mwaga maji yote afu ponda. Hapo kwenye kumwaga maji usiharakishe, boga likibaki na maji donge linakuwa tope, unaanza kuongeza unga, unaongeza tena, mwisho wake unapata biskuti ya unga mtupu ambayo mbwa ananusa na kuondoka zake. Unataka boga lililopondwa kikombe 1, yai 1, na unga vikombe 2. Unga wenyewe atta ni mzuri, dona pia ni zuri ila dona peke yake halishikani, linakatika katika, kwaiyo changanya nusu kwa nusu. Kama boga hamna weka kiazi kitamu, hakuna shida.

Sasa utamu wenyewe ni dagaa na hapa sisi wa Kigoma hatuna sababu ya kumuonea wivu mtu yeyote. Shuka mwaloni Kibirizi utafute dagaa waliokaushwa kwenye vichanja, sio waliomwagwa chini, maana mchanga ukishaingia kwenye dagaa hautoki hata uoshe mara ngapi na meno ya mbwa nayo yanaumia. Mchukue dagaa mmoja umvunje kwa vidole. Aliyekauka sawasawa anavunjika kwa mlio, ngozi bado ina ule weupe wa kung'aa. Aliyeanza kuharibika anapinda tu, tumboni kageuka rangi ya kutu na ukimsogeza puani unapata harufu ya mafuta yaliyokaa sana, huyo muache hata kama unauziwa nusu bei. Waliotiwa chumvi pia waache. Na nunua mapema ukaweke, maana mnajua mbalamwezi ikiwaka wavuvi wa taa hawatoki na bei inapanda, na mwaka 2024 Ziwa Tanganyika lilipofungwa kwa uvuvi miezi 3, kuanzia tarehe 15 Mei mpaka 15 Agosti, waliokuwa na akiba ndani ndio hawakuhangaika.

Wakaange wakavu bila mafuta dakika chache, watwange kwenye kinu mpaka wawe unga unga, nusu kikombe kinatosha. Changanya vyote, kanda mpaka donge lisishike mikononi, likiwa gumu sana ongeza maji kijiko kimoja kimoja. Sukuma kwa chupa kama huna mpini wa chapati, unene uwe nusu sentimita hivi, afu kata kwa kifuniko cha chupa ya maji ya kunywa. Ndogo hivyo hivyo ndo inatakiwa, mbwa hahesabu ukubwa, anahesabu amepewa au hajapewa.

Kuoka sasa: sufuria kubwa, ndani tandaza mchanga safi au vijiwe, juu yake weka sahani ya bati uliyoipaka mafuta kidogo sana, mawese yanatosha kwa kupaka tu usimiminie. Panga biskuti zisibanane, funika, weka makaa juu ya mfuniko. Moto wa juu uwe mkubwa kuliko wa chini, ukifanya kinyume zinaungua matako na juu bado mbichi. Dakika 25 mpaka 30, wenye oveni ni nyuzi 180. Halafu hatua ambayo wengi wanairuka: toa makaa, acha biskuti humo humo zimefunikwa mpaka zipoe zenyewe. Ule ujoto wa mwisho ndo unaozikausha. Ikivunjika ka! imeiva, ikipinda irudishe.

Mama, mi naonaga mbwa wangu anapenda maini niliyokaanga na kitunguu na swaumu, yananukia nyumba nzima. Naweza kuyachanganya kwenye hizo biskuti? (Kaka wa Gungu)

Hapana kaka, na naomba uache leo hii kumpa. Kitunguu maji na kitunguu swaumu vinaharibu chembe nyekundu za damu ya mbwa, viwe vibichi, viwe vimekaangwa, viwe vya unga, ni vile vile. Na hatari yake ni kwamba haonekani kuumwa siku hiyo, zinaweza kupita siku kadhaa ndo unamuona amelegea, fizi nyeupe, mkojo umekuwa wa rangi ya chai, mtu anasema karogwa kumbe ni mchuzi. Viungo vya mchuzi vya pakiti navyo vingi vina unga wa kitunguu na chumvi nyingi, visiingie kabisa.

Nikuongezee vingine vya kukataa: chokoleti na kakao, zabibu mbichi au kavu maana zinaua figo, na ile sukari ya bandia inaitwa zailitoli ambayo imo kwenye bigijii zisizo na sukari na kwenye baadhi ya siagi za karanga za kutoka nje. Hiyo inashusha sukari ya mwili wa mbwa kwa kasi mpaka anaanguka. Kwaiyo ukitaka siagi ya karanga saga karanga zako mwenyewe, bila chumvi bila sukari. Donge lenye hamira lisiachwe karibu na mbwa, akilila bichi linaendelea kuumuka tumboni na linatoa pombe.

Maini yenyewe ni mazuri, yachemshe yaive kabisa, katakata vipande vidogo, kausha kwenye sufuria ile ile ya mchanga. Ila machache, maini yana vitamini A nyingi na ikizidi mwilini inamdhuru. Na usimpe mabichi ya machinjioni, kuna minyoo ya tegu inaishi kwa mzunguko huo huo wa mbwa kula nyama za ndani mbichi, afu mayai yake yanatoka kwa mbwa yanakuja kwa watoto wako wanaocheza naye.

Habari za kazi. Huku Tabora nina debe la karanga za mwaka jana, zimeanza ukungu kidogo na nyingine zimesinyaa. Si nizichambue nzuri tule sisi, zile mbaya nimsagie mbwa kwenye biskuti?

Hili swali limeniuma kwa sababu najua ni kawaida ya nyumba nyingi, cha kutupa anapewa mbwa. Usimpe. Ukungu wa kwenye karanga na mahindi unatengeneza sumukuvu, sumu ile ile iliyoua watu Dodoma na Manyara mwaka 2016 kwa mahindi. Mbwa nayo inamuua vile vile, inakula ini lake. Na moto hauitoi. Ukaange, uchemshe, uoke nyuzi 180, sumu inabaki. Usiwape na kuku hizo, kuku anadhurika na mabaki ya sumu yanakurudia wewe mezani. Zifukie tu. Na hata hizo unazosema utazichambua mle nyie, kama debe ni moja na ukungu umeshaingia mimi nisingewalisha watoto wangu, maana sumu hauioni kwa macho.

Kuhusu asali mliyouliza wengi wa huko, na nyie ndo wenye asali yenu ya miombo, kijiko kimoja cha chai kwenye donge zima kinatosha, kinaleta harufu tu. Mtoto wa mbwa asipewe, na mbwa mnene pia muache bila.

Asalaam aleikum. Tuko Ujiji, tuna mbwa wa kulinda shamba la michikichi. Watoto wanataka kumwokea lakini mke wangu hataki sufuria zake ziingie kwenye mambo ya mbwa. Tufanyeje?

Waalaikum salaam kaka. Mkeo ana haki yake na wala msimlazimishe. Ukiangalia, donge ni unga, yai, boga na dagaa, chakula kile kile cha kwenu, sufuria ya kuokea haiguswi na mbwa. Kinachoguswa ni bakuli lake na mkono wa anayempa. Kwaiyo mbwa awe na bakuli lake linalokaa nje, lisioshwe pamoja na vyombo vya nyumbani, biskuti zipoe zihamishiwe kwenye kopo lake, na mtoto amrushie badala ya kumlisha mdomoni kisha anawe. Kama bado moyo wa mama haujatulia nunueni sufuria kuukuu iwe ya kazi hiyo tu. Upande wa hukumu ya dini kamuulizeni shehe wenu, hapo mi siingii.

Mama mi mbwa wangu ni wa ulinzi. Mzee anasema mbwa akizoeshwa vitamu anakosa ukali na mwizi atamrushia kitu ale. Yeye anataka tumpe pilipili. (Kijana wa Mlole)

Msalimie sana mzee, hofu yake kuhusu mwizi ni ya kweli ila dawa yake sio pilipili. Pilipili inamuunguza tumbo na matumbo, ukali unaouona pale ni maumivu. Mbwa anayerushiwa makombo na kila anayepita getini ndiye anayejifunza kupokea kwa yeyote. Huyo wako mfundishe kinyume: biskuti inatoka kwa mtu mmoja au wawili tu wa nyumbani, anapewa mkononi au kwenye bakuli lake baada ya neno lile lile kila siku, na chochote kilichopo chini akikigusa unamkataza na akiacha ndo unampa ya mkononi. Mpe papo hapo alipotii, ukichelewa kidogo tu haelewi amepewa kwa lipi. Biskuti ile ya kifuniko cha chupa ivunje vipande vinne, unapata zawadi nne. Sisemi atakuwa mlinzi wa kutokosea, ila atakuwa na mazoea ya kukuangalia wewe kwanza kabla ya kula, na anayelala njaa ni rahisi zaidi kununulika kwa kipande cha nyama.

Kwa siku nimpe ngapi, na zinakaa muda gani? (Hili mmeuliza wengi sana.)

Vitamu vyote kwa siku visizidi sehemu 1 kati ya 10 ya chakula chake. Kwa mbwa wetu wa kawaida wa kienyeji biskuti ndogo tatu nne zinatosha, ugali wake na dagaa au nyama unabaki pale pale, biskuti haichukui nafasi ya mlo. Mara ya kwanza mpe moja tu, subiri mpaka kesho yake uangalie kama hajaharisha au kujikuna.

Zile kavu kabisa kwenye kopo la mfuniko unaokaza zinakaa wiki mbili, lakini masika hapa kwetu unyevu ni mwingi, angalia kila unapofungua. Ukiona doa la kijani au jeupe tupa kopo zima, usichambue. Zilizobaki laini zinakaa kwenye friji siku tatu mpaka nne, asiye na friji aoke kidogo kidogo.

Vitoto vya mbwa vilivyokwisha kuacha kunyonya loweka biskuti kwenye maji ya uvuguvugu kwanza. Na mmoja kauliza mifupa ya kuku iliyopikwa kama aioke iwe mikavu zaidi: hapana, mfupa uliopikwa unapasuka vipande vyenye ncha, vinachana utumbo.

Eti mama hizi biskuti za mbwa zilianzia wapi? (Mwanafunzi, Kigoma)

Kwenye bandari mwanangu, yani ungedhani ni huku kwetu. Miaka ya 1860 Mmarekani mmoja aitwaye James Spratt alikuwa London, inasimuliwa kwamba aliona mbwa wa bandarini wakigombania zile biskuti ngumu za mabaharia, akatengeneza za kwake za ngano, mboga na nyama na kuuzia watu wenye mbwa.

Nataka kuzifanya biashara hapa Kasulu. Zitalipa?

Anza kidogo dada. Wateja wapo lakini hawajakaa sehemu moja, tafuta wenye mbwa wa ulinzi wa kwenye majumba na mahoteli ya Kigoma mjini, ongea pia na duka la dawa za mifugo wakuwekee pakiti chache uone zinatokaje. Kabla hujauza pita ofisi ya mifugo ya halmashauri uulize vibali, na SIDO Kigoma, lile shirika la viwanda vidogo, wakusaidie kwenye vifungashio. Kwenye pakiti andika kila kilichomo na tarehe uliyooka, hata kama ni kwa peni, mbwa wengine yai linawasumbua na mwenye mbwa ana haki ya kujua. Usianze na ladha tano, anza na dagaa na boga, oka za wiki moja tu kwa wakati. Na ukishapata wateja waulize kama mbwa wao wana chanjo ya kichaa, wale wasio nayo waelekeze kwa daktari wa mifugo, utakuwa umewasaidia kuliko biskuti yenyewe.