Mchekeshaji anaweza kuwa mwanahistoria?

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Nasoma historia, na usiku huandika vichekesho vifupi vya redio. Mhadhiri wangu ameniambia nichague kimoja, kwa sababu mtu wa mizaha hataaminiwa akiandika historia. Rafiki yangu akanitajia Terry Jones wa Uingereza, yule wa kundi la vichekesho la Monty Python, kwamba alifanya yote mawili. Je, wanahistoria walimheshimu kweli, au walimvumilia kwa sababu ya umaarufu wake? Na nianzie wapi kumsoma?

JIBU: Marahaba, mwanangu. Rafiki yako kakuelekeza vizuri, na barua yako imenifurahisha, maana Jones ni mmoja wa waandishi ninaowapenda kwa dhati.

Alizaliwa Colwyn Bay, Wales, mwaka 1942, akasomea fasihi ya Kiingereza Oxford. Huko alikutana na Michael Palin, wakawa wanaandika wawili kwa miaka mingi. Walianza kwa kuandikia vipindi vya wengine, kikiwemo The Frost Report cha BBC. Lakini angalia walichofanya mapema 1969, miezi kadhaa kabla ya Python kuonekana kwenye televisheni: mfululizo ulioitwa The Complete and Utter History of Britain, wenye wazo kwamba televisheni ilikuwapo tangu kale. Katika igizo mojawapo, dalali anawatembeza mke na mume vijana wanaotafuta nyumba yao ya kwanza, na mali anayowanadia ni Stonehenge, yale mawe makubwa ya kale yaliyosimamishwa uwandani huko Uingereza. Huwezi kuandika igizo hilo bila kuipenda historia kwanza.

Python ilianza Oktoba 1969. Jones ndiye aliyesukuma sana wazo la maigizo kuingiliana, moja likiyeyuka ndani ya jingine bila kulazimika kufungwa na kicheko cha mwisho. Alikuwa ameona mchekeshaji Spike Milligan akifanya hivyo. Mwaka 1975 aliongoza, pamoja na Terry Gilliam, filamu yao kuhusu Mfalme Arthur, iliyopigwa Scotland, sehemu kubwa katika ngome ya Doune. Watu hukumbuka nazi zinazogongwa badala ya kwato za farasi. Mimi hukumbuka matope. Zama za Kati za filamu ile zina uchafu, baridi na wakulima wanaomhoji mfalme kapata wapi mamlaka yake. Kwangu hilo ni swali la kihistoria, hata kama limevaa nguo za mzaha.

Sasa nije kwenye swali lako zito. Mwaka 1980 Jones alitoa kitabu Chaucer's Knight. Chaucer, mshairi wa karne ya 14, katika dibaji ya mkusanyo wake wa hadithi, Canterbury Tales, anamsifu naiti mmoja, yaani askari wa farasi wa tabaka la juu: mkamilifu, muungwana, mpole kama mwanamwali. Kwa vizazi vingi wasomi walizipokea sifa hizo kama zilivyo. Jones akaichukua orodha ya vita alivyopigana naiti huyo, akaenda kuchunguza kila kimoja kilikuwaje. Alexandria, 1365: jeshi la mfalme wa Cyprus liliingia, likaua raia, likapora mji, likaondoka baada ya siku chache. Kwingine naiti anamtumikia bwana mmoja Mwislamu dhidi ya mwingine, huko Uturuki. Vita vikubwa vya mfalme wake mwenyewe kule Ufaransa, kama Crécy na Poitiers, havitajwi kabisa. Na vazi lake ni la kitambaa cha kawaida, lenye madoa ya deraya. Jones akahitimisha kwamba huyu ni mamluki, na kwamba wasomaji wa wakati ule walimtambua mara moja.

Hapo ndipo ninapoona kazi zake mbili zilikuwa moja. Mwandishi wa vichekesho hujiuliza kila siku: nani anasema, anamwambia nani, na msikilizaji anajua nini tayari? Jones alimpelekea Chaucer maswali hayohayo.

Je, walikubali? Wengi walikataa hitimisho lake. Mwanahistoria Maurice Keen alijibu mwaka 1983, akionyesha kwamba Waingereza wa familia zenye heshima kweli walikwenda kupigana katika nchi hizo, na wenzao waliwaona wacha Mungu. Binafsi naona Keen ana hoja nzito zaidi. Lakini zingatia, mwanangu, kwamba Jones alijibiwa kwa ushahidi, kama anavyojibiwa msomi. Mtu wa kuvumiliwa tu angepuuzwa. Mwaka 2003 aliandika kitabu kuhusu kutoweka kwa Chaucer baada ya Henry IV kunyakua ufalme, na waandishi wenzake wanne walikuwa wasomi wa Zama za Kati. Mwaka 2012, alipotimiza miaka 70, wasomi walimwandalia kitabu cha makala za heshima, jambo ambalo kwa kawaida hufanyiwa maprofesa, ilhali yeye hakuwa mhadhiri. Alifariki Januari 2020, baada ya ugonjwa wa ubongo uliomnyang'anya uwezo wa kuzungumza. Jambo hilo bado linaniuma.

Kwa hiyo, kwa heshima zote kwa mhadhiri wako, usichague. Ila usidhani Jones alipata heshima kwa kuwa mcheshi. Kitabu chake cha 1980 kimesheheni tanbihi, na wewe pia utatakiwa ulete zako.

Kuanza, tafuta mfululizo wake wa BBC wa 2004, Medieval Lives, hasa kipindi kinachomhusu mkulima. Kisha usome mistari ya Chaucer kuhusu naiti, haifiki hamsini. Fuatisha Jones. Makala ya Keen iache mwisho, ukiwa umeshaamua mwenyewe naiti yule ni mtu wa namna gani.