Tai wa Asia: maswali yenu kuhusu kipa Ahmad Reza Abedzadeh

Maswali kuhusu kipa huyu wa zamani wa Iran yamekuja mengi, na zaidi ya nusu yametoka kwa makocha wa vijana. Kwa hiyo pale palipo na somo la ukipa tumekaa muda mrefu zaidi, na mengine tumeyajibu kwa ufupi.

Huyu Abedzadeh ni nani hasa, na jina la Tai wa Asia limetoka wapi? (Msomaji, Tanga)

Ahmad Reza Abedzadeh alizaliwa tarehe 25 Mei 1966 huko Abadan, mji wa mafuta kusini-magharibi mwa Iran, jirani kabisa na mpaka wa Iraq. Soka la klabu alilianzia Isfahan katika timu ya Tam. Baadaye akawa kipa wa Esteghlal ya Tehran, na mwisho Persepolis ya mji huohuo, ambako ndiko alikodumu. Timu ya taifa aliidakia mechi 79 kuanzia 1987 hadi 1998, na katika miaka ya mwisho ndiye aliyekuwa nahodha.

Wairani humwita Oghab-e Asia, yaani Tai wa Asia. Ni jina zuri, lakini linawapotosha vijana wanaomtafuta kwenye video, maana wanakwenda kuangalia anavyoruka tu. Kuruka alijua. Kilichomtofautisha na makipa wenzake wa Asia wa wakati ule ni utulivu: timu yake ilipozidiwa, yeye ndiye aliyepunguza kasi ya mchezo mpaka mabeki wakapata pumzi. Ukitaka kumsoma, usiishie kwenye mpira alioudaka. Tazama anachofanya sekunde kumi baada ya kuudaka.

Nimesikia alitwaa dhahabu kwa matuta mwaka 1990. Alifanyaje? Ninafundisha makipa wa chini ya miaka 17 na penalti zinatutesa. (Kocha, Kigoma)

Ni Michezo ya Asia, Beijing. Iran chini ya kocha Ali Parvin iliitoa Korea Kusini kwa 1-0 katika nusu fainali, bao la muda wa nyongeza. Fainali dhidi ya Korea Kaskazini ikaisha 0-0, na kwenye matuta Iran ikashinda 4-1. Abedzadeh alikuwa na miaka 24, na siku ile ndiyo iliyolifanya jina lake lijulikane nchi nzima.

Kabla hujawaonyesha vijana wako mkanda huo, fahamu sheria ya wakati ule. Hadi 1997 kipa hakuruhusiwa kusogeza nyayo zake kwenye mstari mpaka mpira upigwe. Mabadiliko ya 1997 yakamruhusu kwenda kulia na kushoto juu ya mstari. Leo sheria inataka walau sehemu ya mguu mmoja iwe juu ya mstari, usawa wake au nyuma yake wakati mpira unapigwa. Kwa hiyo kipa wa 1990 alitakiwa kusubiri amesimama, na alichobakiwa nacho ni macho.

Hesabu yenyewe ni ngumu. Kutoka kwenye nukta ya penalti hadi mstari wa goli ni meta 11. Mpira wenye kasi ya kilomita 100 kwa saa unafika kwa takribani sekunde 0.4. Goli lina upana wa meta 7.32. Kipa anayesubiri auone mpira umekwenda wapi ndipo aruke, mpira wa pembeni hautamsubiri. Lazima asome dalili kabla.

Wafundishe hivi. Kipa asimame katikati, magoti yamelegea kidogo, uzito uko kwenye nyayo za mbele, mikono iko wazi kwenye usawa wa nyonga. Macho yaanzie kwenye nyonga za mpigaji, kisha yashuke kwenye mguu wake wa kusimamia, ule usiopiga. Mara nyingi ncha ya mguu huo huelekea upande ambao mpira utakwenda. Mguu huo unapotua chini, hapo ndipo pa kuondoka: mpigaji hana tena nafasi rahisi ya kubadili nia, na kipa bado ana muda wa kufika.

Makosa yanayojirudia ni mawili. La kwanza ni kuondoka mpigaji akiwa bado anakimbilia mpira. Mpigaji mwenye akili anakuona na kukuwekea upande wa pili. La pili ni kuruka kwa kurudi nyuma, kuelekea ndani ya goli. Kipa aruke kwa mshazari kwenda mbele, akikata njia ya mpira, ndipo mkono wake utatosha.

Kwa zoezi, mikwaju 10 kwa kila kipa inatosha, na iwekwe mwisho wa mazoezi miguu ikiwa imechoka, kwa kuwa matuta ya kweli huja baada ya dakika 120. Andika kwenye daftari kila mpigaji alikopiga. Baada ya wiki tatu mtaona kwamba wengi wana upande wanaoupenda.

Kutoka Esteghlal kwenda Persepolis si sawa na kipa wetu Kaseja kati ya Simba na Yanga? (Msomaji, Mbagala)

Mfano wako unafaa. Esteghlal ni bluu na Persepolis ni nyekundu, wote wa Tehran, wote wametumia Uwanja wa Azadi kwa miaka mingi, na mechi yao husimamisha mji. Akiwa Esteghlal alipata ubingwa wa ligi wa 1989–90 na ubingwa wa klabu za Asia wa 1990–91, fainali iliyochezwa Dhaka, Bangladesh, wakiifunga Liaoning ya China 2-1. Akiwa Persepolis alichukua ligi mara nne: 1995–96, 1996–97, 1998–99 na 1999–2000. Wachezaji wanaopendwa na pande zote mbili ni wachache. Yeye ni mmoja wao, na timu ya taifa ndiyo iliyomsaidia.

Katikati ya safari hiyo kuna jambo ambalo watu hulisahau. Mwaka 1992 kipa alikatazwa kudaka pasi ya makusudi ya mguu kutoka kwa mwenzake. Abedzadeh alikuwa na miaka 26 na alikuwa ameshafundishwa kazi yake kwa sheria ya zamani, ambapo beki akibanwa alirudisha mpira mikononi mwa kipa na mambo yakaisha. Makipa wengi wa rika lake waliyumba. Mataji yote manne ya Persepolis ameyachukua chini ya sheria mpya, na hilo linasema mengi kuhusu kichwa chake.

Bao la Okano lililowafanya wafungwe na Japani lilikuwa kosa la kipa? (Msomaji, Mombasa)

Kwa wasioikumbuka: tarehe 16 Novemba 1997, Johor Bahru, Malaysia, Iran na Japani zilicheza mechi moja ya kutafuta tiketi ya Kombe la Dunia la Ufaransa. Japani ilitangulia kwa Nakayama, Iran ikageuza kwa Azizi na Daei, Jo akasawazisha. Wakaenda muda wa nyongeza wa bao la dhahabu, anayefunga kwanza amemaliza. Dakika ya 118 Nakata alipiga shuti la chini kwa mguu wa kushoto, Abedzadeh akalala na kulipangua, mpira ukabaki mbele ya goli, na Okano akateleza nao hadi wavuni. 3-2.

Jibu letu: kupangua kulikuwa sahihi, mahali mpira ulipokwenda ndipo palipokosewa. Na hatusemi hivyo kumlaumu. Baada ya dakika 118 mguu wa kipa hausukumi tena kama mwanzo, kwa hiyo mkono hufika umechelewa. Ukichelewa, kiganja hukutana na mpira kikiwa bapa, kimeutazama uwanja, na mpira hurudi mbele kama uliogonga ukuta. Ukiwahi, unaupata ukiwa bado mbele yako na unaweza kuusukuma nje ya nguzo.

Kwa makocha, zoezi lake ni jepesi. Weka koni moja meta 2 nje ya kila nguzo. Piga mipira ya chini kutoka meta 14 hivi, minane kwa kila upande, na mpe kipa dakika moja apumzike kati ya pande mbili. Mshambuliaji wa pili asimame kwenye nukta ya penalti na akimbilie kila mpira uliotemwa. Mkono unaotangulia uwe ule wa chini, wa upande anaolalia, kifundo kimekaza, kiganja kimegeuzwa kidogo kutazama nje. Mpira unaopita kati ya nguzo na koni, au unaotoka nje kabisa, umehesabiwa. Unaorudi kati haukuhesabiwa hata kama hakuna aliyeufunga. Kifundo kikilegea mpira huteleza ndani ya goli. Ndilo kosa la watoto wengi wanaoambiwa "sukuma nje" bila kuonyeshwa mkono unavyokaa.

Iran waliwezaje kufuzu kwa sare huko Melbourne? Na ni kweli nyavu zilikatwa? (Msomaji, Arusha)

Ni kweli. Baada ya Japani, Iran ilikuwa na siku sita tu kabla ya kukutana na Australia ya kocha Terry Venables. Tarehe 22 Novemba walitoka 1-1 Azadi, Kewell akifunga na Azizi akisawazisha. Tarehe 29 Novemba wakarudiana Melbourne mbele ya watu wapatao 85,000. Kewell tena, kisha Vidmar mwanzoni mwa kipindi cha pili, 2-0. Hapo ndipo mtu mmoja alipovamia uwanja na kuharibu nyavu za goli la Iran, na mechi ikasimama mpaka zilipotengenezwa.

Robo saa ya mwisho Bagheri akafunga, dakika chache baadaye Azizi akasawazisha kwa pasi ya Daei. Jumla ikawa 3-3, na kwa sheria ya bao la ugenini (jumla zikilingana, mwenye mabao mengi ya ugenini ndiye anayepita) Iran ilikuwa na mabao mawili ugenini dhidi ya moja la Australia. Australia ikatolewa bila kupoteza hata mechi moja kwenye safari nzima ya kufuzu.

Sasa tazama kazi ya kipa. Kipindi cha kwanza Australia ilishambulia kwa mafuriko, na ingekuwa haki mapumziko yakifika ikiwa mbele kwa mabao matatu. Abedzadeh alikuwa akitabasamu. Tabasamu lile bado linazungumzwa Iran hadi leo. Washambuliaji wanaokosa nafasi hutafuta hofu kwenye uso wa kipa, hawakuiona. Mabeki wake nao walimtazama yeye. Baada ya 2-2 bao moja tu la Australia lingemaliza kila kitu, kwa hiyo kila mpira uliofika mikononi mwake ulikuwa pumziko kwa wenzake.

Lakini hakuwa na uhuru wa kukaa nao. Wakati ule kipa hakuruhusiwa kupiga zaidi ya hatua nne akiwa na mpira mikononi, na kuushika zaidi ya sekunde 5 au 6 kulihesabiwa kuwa kupoteza muda. Mwaka 2000 kikomo cha hatua kikaondolewa zikabaki sekunde 6. Tangu Julai 2025 ni sekunde 8, na ukizidisha wapinzani wanapewa kona. Kipa wako wa leo afundishwe kuzitumia: aanguke na mpira kifuani, anyanyuke bila haraka, atazame upande ulio wazi, ndipo atoe. Refa huanza kuhesabu kipa anapoudhibiti mpira kwa mikono yake kikamilifu, kwa hiyo kulala nao chini hakukupi muda wa bure.

Kwa nini hakucheza mechi ya kwanza Ufaransa 1998? (Msomaji, Bukavu)

Majeraha. Nima Nakisa ndiye aliyedaka dhidi ya Yugoslavia, na Mihajlović akawafunga kwa mpira wa adhabu, 1-0. Abedzadeh alirudi tarehe 21 Juni mjini Lyon dhidi ya Marekani, akiwa nahodha. Timu mbili zilipiga picha ya pamoja kabla ya mechi, Wairani wakawapa Wamarekani maua meupe. Estili alifunga kwa kichwa dakika ya 40, Mahdavikia akaongeza dakika ya 84 kwa mbio za peke yake, McBride akarudisha moja dakika ya 87. Marekani waligonga nguzo na mwamba, kwa hiyo bahati ilikuwepo. Ulikuwa ushindi wa kwanza wa Iran katika Kombe la Dunia. Siku nne baadaye Ujerumani ikawafunga 2-0 kwa Bierhoff na Klinsmann, safari ikaishia hapo.

Alistaafu kwa uzee? (Msomaji, Muscat)

Hapana. Mwaka 2001 alipata kiharusi akiwa bado kipa wa Persepolis, na kazi yake ya uwanjani ikakatika. Kipa hutegemea mizani ya mwili, macho na mkono kujibu kwa wakati mmoja, na hivyo ndivyo vitu ambavyo kiharusi huvigusa. Alinusurika, na baadaye akafundisha makipa.

Kwa kuwa wasomaji wengi ni makocha: mchezaji akilegea upande mmoja wa uso, akashindwa kunyanyua mkono mmoja, au maneno yakaanza kuchanganyika ghafla, mpelekeni hospitali saa hiyohiyo na mkumbuke dalili zilianza saa ngapi, maana daktari atauliza. Msimpe maji wala chakula kabla hajaonwa, anaweza kupaliwa.

Amir Abedzadeh aliyecheza Marítimo ni ndugu yake? (Msomaji, Nairobi)

Ni mwanawe, amezaliwa 1993, naye ni kipa. Alidakia Marítimo ya Ureno kisha Ponferradina ya Hispania, na alikuwa kwenye vikosi vya Iran vya Kombe la Dunia 2018 na 2022. Mara zote mbili alibaki benchi.