Mkuu, usifute hiyo folda. Mimi nilifuta

Mkuu, toa mkono kwenye kibodi. Usifute kitu. Narudia kwa herufi kubwa: USIFUTE KITU.

Nimesoma bandiko lako mara mbili. Gemu ya GB 85, imefika asilimia 96, kasi ya kushusha inasoma 0 tangu jana usiku, ruta umeizima na kuiwasha mara nne, na sasa umepata video inayokuambia uingie kwenye folda ya Steam (ile programu ya kununulia na kushushia gemu) ufute vilivyomo uanze upya. Unauliza kama uifuate hiyo video, kama kebo ni bora kuliko Wi-Fi, na kama gemu ikikamilika unaweza kuihamishia kompyuta ya mdogo wako bila kuishusha tena. Hayo ya kebo na ya mdogo wako tuyaache kwa sasa. Kwanza hili la kufuta, maana hapo ndipo nilipozikwa mimi.

Hiyo video naijua. Huenda si ileile, lakini ukoo wake naujua: jamaa kageuza kofia, taa za zambarau nyuma yake, muziki unaizidi sauti yake, na sentensi ya kwanza ni "njia hii inafanya kazi asilimia mia". Ndiyo, kwake ilifanya kazi. Kwake haikuwa imekwama!

Sikiliza yangu. Nilikuwa nashusha gemu ya GB 92 kwa intaneti ya megabiti 10. Na mnaodhani megabiti 10 ni megabaiti 10, kaeni chini kidogo: biti 8 ndizo baiti moja, kwa hiyo mwisho wa mbio zako ni megabaiti 1.25 kwa sekunde, tena kama hakuna mtu chumba cha pili anayetazama video. GB 92 kwa mwendo huo ni zaidi ya saa 20. Nilishusha usiku tu, watu wakishalala. Usiku wa kwanza, wa pili, wa tatu.

Usiku wa tatu, kama saa kumi alfajiri, ikafika asilimia 97. Kasi ikaanguka: 0. Nikasubiri dakika kumi, 0. Nikazima ruta, nikawasha, 0. Nikaitukana ruta, ambayo haikuwa na kosa lolote na mpaka leo sijaiomba radhi. Na muda wote huo diski ilikuwa inakwaruza humo ndani ya kompyuta kama panya juu ya dari. Nakumbuka kabisa niliisikia. Nikajisemea, "hata diski nayo imeanza". Jibu lilikuwa linaniita kwa jina, mimi nikaongeza sauti ya video.

Jamaa wa kofia akasema: ingia kwenye folda, chagua vyote, bonyeza Shift na Delete kwa pamoja "ili visijaze pipa la taka". Folda ipi hasa? Hakutaja vizuri, na kwenye skrini yake jina la folda lilikuwa limefunikwa na uso wake mwenyewe. Mimi nikaingia steamapps. Humo kuna folda iitwayo downloading, ambamo gemu inayoshuka hukaa kabla haijakamilika, na kuna nyingine iitwayo common, ambamo gemu zako zote zilizokamilika zinaishi. Jina tu lilitakiwa kunishtua. Lakini saa kumi alfajiri mtu hasomi majina. Nikachagua vyote. Shift, Delete, ndiyo nina uhakika. Mashine iliniuliza kabisa kama nina uhakika, na mimi nikaijibu kwa kujiamini kama wakili.

GB 89 za mausiku matatu zikaondoka kwa sekunde chache. Hata hazikunisubiri nipepese macho.

Sasa hilo peke yake lingeuma likapoa. Gemu hushushwa tena. Lakini ndani ya common kulikuwa na gemu moja ya zamani ya kujenga mji, na gemu hiyo ilikuwa inahifadhi maendeleo yangu ndani ya folda yake yenyewe. Nyingi za siku hizi huweka hifadhi zako kwenye nyaraka zako au kwenye AppData (folda iliyofichwa ya Windows), na nyingi zina nakala mtandaoni. Siyo zote! Ile haikuwa na nakala mtandaoni. Miaka minne ya mji wangu. Madaraja, reli, bwawa la umeme nililolijenga mara tatu kwa sababu mara mbili lilifurika. Wananchi wangu wote walihama kwa Shift na Delete bila hata notisi.

Na hapa ndipo sehemu inayoniuma kuliko zote, kwa hiyo soma polepole. Ule mji ungeweza kuokolewa. Diski yangu ilikuwa ya sahani zinazozunguka, siyo SSD, ile isiyo na kitu kinachozunguka ndani. Kwenye diski ya namna ile, ukifuta faili, kinachoondoka mara moja ni kumbukumbu ya mahali ilipo. Data yenyewe bado imelala pale mpaka kitu kingine kiandikwe juu yake. Programu za kurejesha faili huishi kwa huruma hiyo. Sharti lake ni moja: usiandike kitu chochote kwenye diski ile. (Kwenye SSD usijipe matumaini hata hayo, kwa kawaida mfumo huiambia diski isafishe nafasi ile, na kurudisha huwa karibu haiwezekani.)

Mimi nilifanya nini? Jamaa alisema "sasa anza kushusha upya". Nikaanza kushusha upya. GB 92, kwenye diski ileile, juu ya kaburi la mji wangu lililokuwa bado bichi. Nilikuja kukumbuka mji asubuhi yake, na programu ya kurejesha iliponionyesha orodha, majina ya faili yalikuwepo, ndani yamejaa takataka. Hapo ndipo nilipomtafuta jamaa wa kofia kwenye maoni ya video yake. Nikaandika maelezo marefu, kwa adabu kabisa, aya tatu. Akanijibu kwa kidole gumba na "usisahau kujiunga". Kaka, nijiunge na nini? Na chama cha wafiwa?

Subiri, haijaisha. Usiku wa sita, jaribio la pili. Asilimia 97. Kasi: 0. Palepale! Nilikuwa nimechoka kiasi kwamba sikuwa na nguvu ya kuharibu kitu kingine, nikalala juu ya meza. Nilipoamka gemu ilikuwa imekamilika, kitufe cha kucheza kinang'aa. Haikuwahi kukwama. Hata mara ya kwanza haikuwa imekwama.

Kilichokuwa kinatokea ni hiki, na naomba mdau aliyekuandikia hapo juu "futa tu anza upya, acha uoga" naye asome. Steam haikuletei gemu kama gunia moja. Inaleta vipande vidogo, kila kimoja kama megabaiti moja, vimebanwa. Kompyuta yako inavikunjua, inavikagua, halafu inaviandika kwenye diski mahali pake. Mtandao ukileta vipande kwa kasi kuliko diski inavyoweza kuandika, programu inauambia mtandao usubiri. Ndipo unaona kasi 0. Mtandao haujafa, umesimama foleni mlangoni kwa diski. Na diski yangu ilikuwa kuukuu, imebakiza nafasi ya kubana, na kizuia virusi kinapekua kila faili inayoingia. Lazima foleni iwepo.

Masasisho ndiyo balaa zaidi. Unaona sasisho la GB 2 unasema dogo. Lakini kama gemu imefungasha vitu vyake ndani ya faili moja ya GB 40, na vipande vichache humo ndani vimebadilika, programu inajenga faili mpya ya GB 40 pembeni, ikichota vya zamani na kuchanganya na vipya, halafu ndipo inabadilishana. Yaani umeshusha GB 2, diski imesoma na kuandika takriban GB 40, na inataka nafasi tupu ya kufanyia hiyo kazi. Diski ikiwa inajikokota megabaiti 10 kwa sekunde, hiyo ni zaidi ya saa moja ya mtandao kusoma 0. Na ndani ya saa hiyo moja ndipo watu wenye haraka kama sisi tunapoenda kutafuta video.

Kwa hiyo kanuni yangu ni moja, niliyoilipia mji mzima: KABLA HUJAGUSA CHOCHOTE, TAZAMA DISKI. Fungua ukurasa wa vinavyoshushwa ndani ya Steam. Kuna grafu juu. Nguzo za bluu ni mtandao, mstari wa kijani ni diski. Kila mtu anatazama bluu. Wewe tazama kijani. Bluu ikiwa imelala na kijani kinapanda na kushuka, kazi inaendelea, nenda kalale. Kama huamini hiyo grafu, bonyeza Ctrl, Shift na Esc kwa pamoja, ifunguke Task Manager inayoonyesha kazi za kompyuta, utazame safu ya diski pale. Ikisoma asilimia 100 na anayeitumia ni Steam, au kizuia virusi, basi gemu yako haina ugonjwa. Ugonjwa unao wewe, unaitwa haraka.

Kama vyote viwili viko 0, bluu na kijani, kwa muda wa kueleweka, dakika 20 au 30, basi kweli imesimama. Hata hapo hufuti! Simamisha kisha uendeleze. Ikigoma, funga programu kabisa, siyo kubonyeza alama ya X tu, maana X huificha karibu na saa ikaendelea kuishi. Ikigoma, ingia mipangilio ya upakuaji ubadilishe eneo la seva, uchague la jirani. Hapohapo angalia kama hukuwahi kuweka kikomo cha kasi ukasahau, usicheke, nimewahi. Kisha ndipo kile kitufe cha kusafisha akiba ya upakuaji: hakifuti gemu zako, ila kitakutoa kwenye akaunti, kwa hiyo hakikisha nenosiri unalikumbuka kabla hujakibonyeza. Nafasi ya diski ikiwa imeisha, hamisha picha na video kwingine, usiguse steamapps.

Na ikitokea gemu iliyokwishakamilika inaleta ukorofi, kuna sehemu ya kuhakiki faili ndani ya sifa za gemu husika. Inakagua zote, inashusha tena zilizoharibika peke yake. Jamaa wa kofia hakuitaja kabisa, maana video ya dakika moja haimpi nafasi ya kuonyesha zile taa. Hata ile siku yangu, ningekuwa nimehamisha common pembeni badala ya kuifuta, ningeirudisha mahali pake, nikabonyeza kusakinisha, na Steam ingezikuta faili zilizopo ikashusha zinazokosekana tu. Kuhamisha kunarudishika mkuu, Shift na Delete hakurudishiki kirahisi.

Kuna mtu atakuja hapa kusema yeye alifuta downloading peke yake na mambo yakawa sawa. Sawa, na yupo aliyevuka barabara amefumba macho akafika. Asilimia 96 ya GB 85 ni zaidi ya GB 81. Kafute zako, za mwenzio ziache.

Sasa mkuu, kabla sijaenda kazini: fungua huo ukurasa uniambie mstari wa kijani unafanya nini. Usiniambie ya bluu, hiyo umeshaisema. Diski yako ni SSD au ya kuzunguka? Imebakiza GB ngapi? Na kama inakwaruza, unaisikia?